Fokasi ya rimoti kwenye programu za runinga: njia nne zikilinganishwa, na namna ya kusaka hitilafu katika kila moja

Hoteli ya Njiro au lodge ya Marangu ikiagiza programu ya runinga za vyumbani, kinachotakiwa hakitofautiani sana: menyu ya chakula, safari za siku moja, njia za kupanda Kilimanjaro, na namba ya mapokezi. Michoro hukubalika haraka. Kinachokula muda ni fokasi, yaani ile alama inayoonyesha ni kitufe kipi kitabonyezwa mgeni akigusa OK. Kwenye simu kidole huenda moja kwa moja kwenye kitu kinachotakiwa. Kwenye runinga mgeni ana mishale minne, OK na kitufe cha kurudi nyuma, na programu ndiyo inayoamua "chini" ni wapi.

Uamuzi huo unaweza kuachiwa mfumo wa kawaida wa Android (mpangilio wa View), au Jetpack Compose (njia mpya ya Google ya kujenga skrini za Android), au maktaba ya mwelekeo kwenye programu ya wavuti kwa runinga za Samsung na LG, au ukauandika mwenyewe kama ramani ya safu na nguzo. Zote nne zinafanya kazi. Tunazipima kwa swali moja: fokasi ikipotea chumba namba 14, na dada wa mapokezi amepiga simu, unaweza kuiuliza mashine fokasi iko wapi na ikakujibu? Njia inayojibu vizuri hukuokoa siku nyingi kuliko ile iliyoandikwa haraka.

Ipe hitilafu jina kabla ya kugusa msimbo

"Rimoti haifanyi kazi" ni malalamiko yanayobeba matatizo tofauti kabisa.

Fokasi imepotea: hakuna kitu chochote kilicho nayo. Mara nyingi kitu kilichokuwa nayo kimefutwa au kimezimwa. Orodha imepakiwa upya, au kitufe cha "Agiza" kimezimwa mara tu baada ya kubonyezwa, na fokasi ikaondoka nacho.

Fokasi imejificha: ipo, ila iko nyuma ya dirisha dogo, au nje ya skrini, au rangi yake haionekani mchana chumba kikiwa na mwanga wa dirishani. Dalili yake ni kwamba ukibonyeza OK kuna kitu kinafunguka ambacho hukukitarajia. Kwa hiyo usitegemee rangi peke yake. Weka fremu nene, au kuza kadi kidogo, au vyote viwili.

Fokasi imepotoka: inasogea, lakini inaenda kusiko. Hii ndiyo itakayotuchukua muda mrefu zaidi hapa chini.

Na kuna kuruka: bonyezo moja, hatua mbili. Karibu kila mara sababu ni kwamba programu inashughulikia kitufe kikibonyezwa na tena kikiachiliwa.

Kagua kisanduku kwanza

Visanduku vingi vinavyochomekwa kwenye runinga na kuuzwa kama vya "Android TV" ndani yake vina Android ya kishkwambi. Tofauti ni kubwa. Washa hali ya msanidi (kwenye mipangilio, sehemu ya kuhusu kifaa, bonyeza OK mara 7 juu ya namba ya toleo), kisha, kutoka kwenye kompyuta iliyo mtandao mmoja na kisanduku, tumia adb (chombo cha Android cha kutuma amri kwenye kifaa):

adb connect 192.168.1.40:5555
adb shell pm list features | grep leanback

Anwani badilisha iwe ya kisanduku chako. Ukipata mstari wenye android.software.leanback, ni Android TV. Ukipata kimya, umeshika Android ya kishkwambi, na huenda rimoti yake ina kitufe cha kuigeuza kuwa mauzi. Mgeni akikigusa, kishale cha mauzi kinatokea, na bonyezo la kwanza la kishale huiingiza Android kwenye hali ya mguso. Katika hali hiyo vitu vya kawaida havishiki fokasi, kwa hiyo alama yako inatoweka mpaka mshale wa rimoti ubonyezwe tena. Jambo hilohilo humkuta msanidi anayejaribu programu kwenye emuleta (kifaa cha kuigizwa ndani ya kompyuta) kwa mauzi ya kompyuta, akamaliza saa nzima akitafuta kosa ambalo halipo. Jaribu kwa kibodi, au kwa amri:

adb shell input keyevent 20

19 ni juu, 20 chini, 21 kushoto, 22 kulia, 23 OK, 4 kurudi nyuma. Amri ina faida ambayo rimoti haina: inatuma bonyezo moja kamili, bila betri iliyochoka wala kidole kilichochelewa kuachia. Ikiwa amri inasogeza sawasawa na rimoti inaruka, tatizo liko kwenye rimoti au kwenye marudio ya kitufe kilichoshikiliwa. Android hurudia bonyezo kila milisekunde 50 kitufe kikishikiliwa, na orodha nzito haiwezi kuifuata kasi hiyo.

Kagua pia OK. Baadhi ya rimoti hutuma 23, nyingine 66 ambayo ni Enter ya kibodi. Programu inayosikiliza 23 tu itaonekana imekufa kwenye vyumba vyenye rimoti ya aina ya pili. Ukitumia njia ya kawaida ya kubofya (OnClickListener au clickable) mfumo unazipokea zote mbili wenyewe. Tatizo huja pale msanidi anapoandika kisikilizi chake cha vitufe.

Njia ya kwanza: View za Android, na hesabu inayofanyika gizani

Hapa mfumo wenyewe hutafuta jirani. Kazi hiyo hufanywa na darasa liitwalo FocusFinder, na ukiielewa hesabu yake utaacha kubahatisha.

Chukua skrini ya 960 kwa 540 dp (kipimo cha Android kisichotegemea idadi ya pikseli za skrini), ukubwa unaotumika kubuni programu za Android TV. Acha asilimia 5 kila upande kwa sababu baadhi ya runinga hukata kingo, kwa hiyo tunaanzia 48. Safu ya juu ina kadi tano za njia za Kilimanjaro: Marangu, Machame, Lemosho, Rongai, Umbwe. Kila moja ina upana wa 160 na nafasi ya 16 katikati, na ukingo wake wa chini uko 250. Chini yake kuna kichwa "Hifadhi", na mwisho wa kulia wa kichwa hicho kuna kitufe kidogo "Zote", kuanzia 832 hadi 912, juu 262, chini 290. Kisha safu ya kadi pana, ukingo wa juu 302: Tarangire (48 hadi 308), Manyara (328 hadi 588), Ngorongoro (608 hadi 868), na Serengeti ikichungulia kuanzia 888.

Mgeni yuko Rongai, yaani 576 hadi 736, katikati yake 656. Anabonyeza chini. Macho yanategemea Ngorongoro.

FocusFinder humpa kila mgombea alama: mara 13 ya mraba wa umbali wa upande unakokwenda, jumlisha mraba wa umbali wa pembeni kutoka katikati hadi katikati. Mwenye alama ndogo hushinda.

Ngorongoro: umbali wa chini 302 − 250 = 52, pembeni 738 − 656 = 82. Alama 13 × 2,704 + 6,724 = 41,876.
Zote: umbali wa chini 12, pembeni 872 − 656 = 216. Alama 13 × 144 + 46,656 = 48,528.

Ngorongoro imeshinda. Sasa mbunifu anasema kichwa kimebanana na kadi, anashusha safu ya hifadhi kwa dp 8 tu. Umbali unakuwa 60, na alama ya Ngorongoro inakuwa 46,800 + 6,724 = 53,524. Zote imebaki na 48,528. Kuanzia hapo, chini kutoka Rongai kunaenda kwenye kitufe kidogo cha kulia, na hakuna mtu aliyegusa msimbo wa fokasi.

Kuna upendeleo mmoja zaidi wa kujua. Kitu kilicho kwenye mkondo wako, yaani kinacholingana nawe kwa upana unapokwenda juu au chini, au kwa kimo unapokwenda pembeni, hupewa kipaumbele. Kwa kulia na kushoto kipaumbele hicho ni cha moja kwa moja. Kwa juu na chini, kilicho mkondoni hushinda tu ikiwa umbali wake ni mdogo kuliko umbali wa kufikia ukingo wa mbali wa mpinzani. Hapa ukingo wa mbali wa Zote uko 290 − 250 = 40, na Ngorongoro iko 52. Kwa hiyo kipaumbele hakikuisaidia hata kabla ya zile dp 8. Vitufe vidogo kwenye vichwa vya safu vina hatari hii daima, kwa sababu viko karibu zaidi kwa kimo kuliko kadi zenyewe.

Dawa ya haraka ni android:nextFocusDown kwenye kadi ya Rongai ikiitaja Ngorongoro. Tungeitumia kwa skrini zisizobadilika tu. Ndani ya orodha inayozungusha kadi zake, vitambulisho hujirudia na nextFocus hujui itamshika nani. Dawa ya kudumu ni kuiondoa Zote kwenye kichwa na kuifanya kadi ya mwisho ya safu. Mgeni ataifikia kwa kulia, na hesabu ya chini inabaki baina ya kadi na kadi.

Kuuliza fokasi iko wapi, hapa ndipo View zinapozishinda Compose na wavuti:

adb shell dumpsys activity top

Matokeo ni marefu. Tafuta mstari wa namna hii:

LinearLayout{3f1c2a VFE...C.. .F...... 1152,180-1472,500 app:id/kadi}

Kundi la kwanza la herufi linaeleza uwezo: V kinaonekana, F kinaweza kushika fokasi, E kimewashwa, C kinabofyeka. Kundi la pili linaeleza hali ya sasa, na F ya pale ndiyo fokasi yenyewe. Wengi huchanganya F hizi mbili. Namba zinazofuata ni mahali kilipo kwa pikseli ndani ya mzazi wake. Kwenye skrini ya 1080 kila dp moja ni pikseli 2, kwa hiyo 1152 ni ile 576 ya Rongai. Usipoona F yoyote kundi la pili, fokasi imepotea kweli. Ukiiona kwenye kitu kilicho nje ya skrini, imejificha.

Kama unataka historia, sajili addOnGlobalFocusChangeListener kwenye ViewTreeObserver na uandike kwenye logi kitu cha zamani na kipya. Mistari mitatu ya msimbo, na kila hatua ya mgeni inasomeka.

Udhaifu mkubwa wa View uko kwenye RecyclerView, ile orodha inayozungusha kadi zake. Ukiita notifyDataSetChanged, kadi yenye fokasi inaweza kupewa kitu kingine au kuondolewa, na fokasi ikarukia menyu ya kushoto. Weka setHasStableIds(true) na urudishe kitambulisho halisi cha kila kitu, au tumia DiffUtil ili mabadiliko yaguse kadi zilizobadilika tu. Kadi ikipoteza fokasi kila inapobadilishwa kidogo, ondoa uhuishaji kwa kuweka itemAnimator kuwa null, kwa sababu uhuishaji wa mabadiliko huweza kubadilisha kadi ya zamani kwa mpya. Na mgeni akishikilia mshale wa kulia, fokasi huweza kutoroka safu kabisa: kadi inayofuata bado haijapangwa kwenye skrini, mfumo haumwoni jirani ndani ya safu, unamtafuta nje. HorizontalGridView na VerticalGridView za Leanback, maktaba ya Google ya runinga, zilitengenezwa kwa ajili ya hilo hasa. Google imehamisha mapendekezo yake kwenda Compose, lakini kwa programu ambayo tayari ni ya View, gridi hizo bado ndizo suluhisho fupi.

Njia ya pili: Compose

Compose inatumia hesabu inayofanana na ile ya juu, ikiwa na 13 ileile. Tofauti ni makundi. Ukiipa safu focusGroup(), utafutaji huheshimu mipaka ya kundi, na focusRestorer() huikumbuka kadi ya mwisho ili mgeni akirudi kwenye safu arudi alipokuwa. Kwa menyu ya hoteli hilo ni jambo kubwa. Mgeni aliyefika kadi ya tisa ya vyakula, akashuka, akapanda tena, hataki kuanzia supu. Kwa View ungeliandika hilo mwenyewe, au ungetumia gridi za Leanback.

TvLazyRow na TvLazyColumn za zamani zimeachwa. Tumia LazyRow na LazyColumn za kawaida, na kila kitu kipe key yake, vinginevyo orodha ikibadilika kumbukumbu ya fokasi itabaki kwenye namba ya nafasi badala ya kitu chenyewe.

Makosa ya Compose yana tabia yake, na mengi yanatokana na mpangilio wa Modifier, yaani sifa zinazoambatishwa kwenye kitu moja baada ya nyingine.

onFocusChanged lazima itangulie clickable au focusable. Ikifuata baada yake haitaona chochote, na utasema fokasi haifiki kumbe hakuna anayesikiliza.

Ukiweka focusable() pamoja na clickable() kwenye kitu kimoja, umetengeneza vituo viwili vya fokasi. Mgeni anabonyeza kulia, inaonekana hakuna kilichotokea, anabonyeza tena, inasogea. Ondoa focusable(), maana clickable inajitosheleza.

requestFocus() ikiitwa kabla kitu hakijawekwa kwenye skrini, ombi linashindwa na ujumbe kwamba FocusRequester haijaanzishwa, na programu huweza kuanguka. Iweke ndani ya LaunchedEffect, na hakikisha kitu chenyewe kipo. Orodha ikiwa bado tupu, LaunchedEffect haitakuokoa.

onKeyEvent hupokea KeyDown na KeyUp. Ukirudisha true na kusogeza kwa yote mawili, ndiyo ile kuruka. Chuja KeyDown peke yake.

Mfano wetu wa Rongai hapa unatibika kwa focusProperties yenye down ikitaja FocusRequester ya safu ya hifadhi, na kwa kuwa safu ni kundi lenye kumbukumbu, mgeni anatua ndani ya safu hiyo, na kama aliwahi kuipitia anarudi kwenye kadi aliyoiacha. Ni safi kuliko nextFocusDown.

Lakini kwa swali letu la kuuliza, Compose iko nyuma kidogo. dumpsys itakuonyesha AndroidComposeView moja tu yenye F, kama sanduku lililofungwa. Ndani yake huoni. Tumia:

adb shell uiautomator dump
adb pull /sdcard/window_dump.xml

kisha tafuta focused="true". Inafanya kazi, ila ni picha ya papo hapo, na skrini yenye uhuishaji usiokoma huweza kuikwamisha. Tunashauri kila mradi wa Compose uwe na Modifier ndogo ya kwake inayoandika kwenye logi jina la kitu kila kinapopata fokasi. Iandike siku ya kwanza, usisubiri siku ya hitilafu.

Njia ya tatu: wavuti yenye maktaba ya mwelekeo

Hii ndiyo njia ya lazima pale runinga zenyewe ni Samsung (Tizen) au LG (webOS) na hoteli haitaki kisanduku cha ziada. Kuna rasimu ya W3C, shirika la viwango vya wavuti, ya kuongoza fokasi kwa mishale ndani ya CSS, lakini ni rasimu. Kwa kazi ya leo utachagua maktaba. Kwa React, Norigin Spatial Navigation ni chaguo zuri. Ukijenga kwa Enact ya LG, utakuwa na Spotlight ndani yake.

Mishale ni 37, 38, 39 na 40 kwa zote, OK ni 13. Kurudi nyuma ndiko kunakotofautiana: 10009 kwa Samsung, 461 kwa LG. Programu inayojua moja tu humtoa mgeni nje kabisa, au humfungia ndani ya ukurasa.

Kinachotesa zaidi ni umri wa kivinjari kilicho ndani ya runinga. webOS 4 ina Chromium 53. Tizen 5.0, ya runinga za Samsung za 2019, ina 63. Chaguo la preventScroll kwenye focus() lilianza Chromium 64. Maana yake, kwenye kompyuta yako kadi inapata fokasi kwa utulivu, na kwenye runinga ya chumbani ukurasa mzima unaruka, kwa sababu kivinjari cha zamani hakijui hilo chaguo na kinasogeza skrini kuileta kadi mbele. overflow: hidden haikizuii kufanya hivyo. Rudisha scrollLeft na scrollTop za kontena kuwa 0 mara baada ya focus(), na sogeza safu kwa translateX wewe mwenyewe.

Hapo unaingia mtego wa pili. Vipimo vya offsetLeft havioni transform, vya getBoundingClientRect vinaiona. Maktaba inayopima kwa offset itadhani kadi uliyoisogeza kwa translateX bado iko ilipokuwa, na "chini" kutakwenda upande usiofaa. Inayopima kwa getBoundingClientRect itaiona kadi iliyokuzwa ikimgusa jirani yake, na huenda isimhesabu tena kuwa "kulia". Jua maktaba yako inapima kwa lipi kabla ya kuweka uhuishaji. Norigin kwa kawaida hutumia offset, na ina chaguo la kubadilisha.

Kuuliza: kwenye Samsung, fungua ukurasa wa programu, andika 12345 kwa rimoti, washa hali ya msanidi na uandike anwani ya kompyuta yako. Kwenye LG ni programu ya Developer Mode, kisha ares-inspect. Ndani ya koni (console, dirisha la kuandikia amri za JavaScript) andika document.activeElement. Jibu likiwa body, kwa kawaida fokasi imepotea. Ila kwa Norigin tahadhari: fokasi yake ni ya ndani ya maktaba, na kama hukuwasha shouldFocusDOMNode, body ni jibu la kawaida hata mambo yakiwa sawa. Pale washa debug na visualDebug kwenye init(), itachora mipaka ya kila kitu inavyoviona. Mipaka iliyochorwa ikiwa haikai juu ya kadi, umeshapata kosa lako.

Rimoti ya LG yenye kishale inaleta alama mbili kwa wakati mmoja: moja ya kishale, moja ya mishale. Ukipokea mouseenter, hamishia fokasi kwenye kitu hicho, ziwe moja.

Njia ya nne: ramani ya mkono

Namba mbili, safu na nguzo, na jedwali la kila ukurasa. Chini huongeza safu, kulia huongeza nguzo. Hakuna jiometri, kwa hiyo zile dp 8 haziwezi kukudhuru. Kuuliza ni rahisi kuliko kote: chapisha namba mbili kwenye kona ya skrini.

Inakatika pale data inapobadilika. Ulikuwa nguzo ya 7, orodha mpya ina vitu 4, fokasi iko hewani. Kila orodha ikibadilika, kata nguzo isizidi urefu wa safu kasoro moja, na usisahau safu tupu. Madirisha madogo nayo yanahitaji rundo lao: likifunguka hifadhi mahali pa sasa, likifungwa parudishe. Na msomaji wa skrini kwa wasioona hatasoma chochote kama hukuita pia focus() ya kweli kwenye kitu husika. Kwa kurasa mbili au tatu zisizobadilika tungeichagua bila wasiwasi. Zikifika kumi, utakuwa unaandika maktaba yako bila kujua.

Jaribio la umeme

Lifanye kwa njia yoyote uliyochagua, maana Arusha na Moshi umeme hukatika na hurudi. Chomoa kisanduku na ruta kwa pamoja, hesabu hadi kumi, chomeka vyote. Ruta ikichelewa kuliko kisanduku, programu inafunguka bila mtandao, inaomba fokasi kwa kadi ambazo hazijafika, kisha orodha inaingia na hakuna mwenye fokasi. Mgeni anaona picha nzuri ya Kibo na rimoti isiyosogeza kitu.

Dawa: weka kadi tupu zinazoweza kushika fokasi wakati data inasubiriwa, na zikibadilishwa na kadi halisi hamisha fokasi kwa zamu ileile. Fanya hivyo tu ikiwa mgeni hajasogea mahali pengine. Kumnyang'anya fokasi mtu aliyeshafika kwenye namba ya mapokezi ni hitilafu mpya.

Zikiwekwa bega kwa bega

| | View | Compose | Wavuti na maktaba | Ramani ya mkono |
|---|---|---|---|---|
| Kuuliza fokasi iko wapi | dumpsys, rahisi | uiautomator au logi yako | koni, visualDebug | chapisha namba mbili |
| Kukumbuka kadi ya mwisho | uandike, au gridi za Leanback | focusRestorer | maktaba nyingi zinayo | uandike |
| Kosa linalojirudia | orodha kupakiwa upya | mpangilio wa Modifier | kivinjari cha zamani | nguzo kuzidi urefu |
| Samsung na LG | hapana | hapana | ndiyo | ndiyo, kwa wavuti |

Uchague ipi

Una programu ya View inayofanya kazi na fokasi inapotoka hapa na pale? Usiiandike upya. Fanya hesabu ya FocusFinder kwa safu zinazosumbua, toa vitufe kwenye vichwa, badilisha RecyclerView za mlalo kuwa gridi za Leanback.

Unaanza upya, na mwenye lodge anakubali kununua visanduku vya Android TV vya aina moja kwa vyumba vyote? Compose. Hakikisha leanback inaonekana kwenye kisanduku cha mfano kabla hajalipia vilivyobaki, na nunua viwili vya ziada vya aina ileile, kimoja kibaki mezani kwako.

Runinga ni mchanganyiko, za Samsung ghorofa ya chini na za LG juu, na bajeti haigusi vifaa? Wavuti yenye maktaba, ukijaribu kwenye runinga iliyo kongwe kuliko zote jengoni tangu siku ya kwanza. Nenda chumbani ukasome mwaka wake na toleo la mfumo wake kabla ya kukubali bei ya kazi. Ukikuta webOS 4, ongeza siku za kupambana na ukurasa unaoruka, na uziandike kwenye makadirio.

Na kama ni skrini ya mapokezi au ya chumba cha kusubiria, kurasa mbili, mishale na OK: ramani ya mkono, na zile namba mbili zichapishwe kwenye kona kwa rangi hafifu mpaka mteja asaini kuipokea kazi.